Skrini Iliyonenepesha Viondo

Kikundi cha Wasusi wa Viondo,
S.L.P. 41,
Kwa Vonza,
Kitui.

22 Februari 2025

Mpendwa kaka Mwangangi,

Pokea salamu nyingi kutoka huku nyumbani, wewe na wifi yangu Shiru pamoja na watoto. Natumaini barua hii itawakuta mkiwa wazima huko Doha, na kwamba mgongo wa Shiru uliomsumbua kabla ya Krismasi sasa umepoa. Sisi huku hatujambo kwa neema ya Mungu. Mama yetu, mwaitu wetu, hajambo pia. Najua ungetaka nianze na yeye, lakini nivumilie kidogo, maana habari yake ndiyo barua nzima.

Naandika kwa Kiswahili ili Shiru naye asome mwenyewe. Nikiandika Kikamba nakujua wewe, utamtafsiria yale yanayokupendeza tu na mengine utasema ni salamu. Ningeweza kupiga simu, lakini kwenye simu huwa unakatiza watu, na jambo hili lataka kusikilizwa kutoka kichwa mpaka mkia. Nimelichapa kwenye kompyuta ya kikundi, na karatasi nitampa Jonah, yule mfanyakazi mwenzako, anayerudi huko Alhamisi.

Mvua ya Novemba haikuwa mbaya. Tumevuna magunia manne ya ndengu na debe moja juu, na bei si ya kulia. Mbuzi yule mweupe uliyemnunulia Mwaitu amezaa mapacha, wote majike. Paa la jikoni bado linavuja pale pale, na fundi bado anasema anakuja kesho.

Sasa nije kwenye skrini uliyotutumia. Jonah aliifikisha salama mwanzoni mwa Januari, imefungwa kwa mablanketi mawili kama mtoto wa kwanza. Asante sana, kaka. Unakumbuka skrini yetu ya zamani, ile ya mraba yenye mgongo kama wa ng'ombe, ilikufa kwa joto la Desemba, na tangu hapo kompyuta ilikuwa sanduku la kuwekea vikombe. Siku niliyochomeka hii yako ya inchi thelathini na mbili, akina mama wote waliacha kusuka wakaja kutazama. Nilichomeka mwenyewe, kwa waya ule ule wa zamani wenye kichwa cha buluu na misumari miwili, na ikawaka. Nilijiona mhandisi.

Kitu kimoja tu. Kila mtu kwenye skrini hiyo alikuwa amenenepa. Kwenye picha ya harusi ya mwaka jana, mimi nilikuwa na mabega ya mbeba mizigo, na mchungaji wetu, ambaye unajua alivyo mwembamba, alikuwa amejaa kama mtu anayelishwa na makanisa matatu. Tulicheka sana. Kalekye, mwenyekiti wetu, alisema Doha ni nchi tajiri, hata mashine zake hunenepesha. Herufi nazo zilikuwa pana, na tukazisifu kwa kuwa kubwa. Hakuna hata mmoja wetu aliyejiuliza kwa nini. Ndivyo tulivyo, kitu kikija kama zawadi hatukikagui meno.

Wiki ya pili ya Februari ikaja oda. Wangui, yule mama mwenye duka la vitu vya mikono pale Kiboko kwenye barabara ya Mombasa, alitutumia kwenye barua pepe picha ya kiondo cha zamani kilichokuwa cha marehemu mama mkwe wake. Alitaka viondo thelathini vya sura ile ile. Aliandika kwamba kimo kiwe inchi kumi na mbili na mengine yote tufuate picha. Ilikuwa oda yetu kubwa kupita zote, na sote tulisimama mbele ya skrini tukiwa na furaha ya watu walioitwa mezani.

Basi tukafuata picha. Nilichukua rula nikapima pale pale juu ya kioo, kimo na upana, nikapiga hesabu, nikatangaza kwamba kwa kimo cha inchi kumi na mbili, upana ni kumi na sita. Niliandika ubaoni kwa chaki. Shiru, wifi yangu, wewe hukukulia kwenye katani, kwa hivyo nikuambie: kiondo huanza kwa kitako. Ukishakosea kitako umekosea kiondo, maana hakuna namna ya kupunguza upana mbavu zikishaanza kupanda. Unafumua chote.

Na hapo ndipo Mwaitu alipoingia. Unajua kwamba hakuna kiondo kinachotoka kwenye mlango wetu kabla yeye hajakipitisha. Hukigeuza, hukivuta masikio, halafu humimina ndani kopo la ndengu na kukitikisa juu ya sinia. Punje moja ikidondoka, kinarudi kwa mwenyewe bila maneno mengi. Ni miaka kumi na tisa anafanya kazi hiyo, na hata Kalekye ameshawahi kurudishiwa mara mbili akanuna wiki nzima. Watu wengine hupimwa kwa cheo, Mwaitu wetu hupimwa kwa hilo kopo la ndengu.

Aliitazama picha ya Wangui kwa muda mrefu. Alisogea karibu mpaka pua ikagusa kioo, akarudi nyuma mpaka mlangoni, akainamisha kichwa upande. Kisha akasema kwa sauti yake ya kawaida, "Hii kiondo hakuna mtu aliisuka."

Tulimuuliza ana maana gani. Akasema, "Angalia vile mistari imebanana ikishuka. Huyo ni fundi. Sasa angalia nyuzi zikienda kando, zimeachana kama za mtu mvivu. Mtu hawezi kuwa fundi na mvivu kwa laini moja. Msianze."

Kaka, sasa nakuambia jambo ambalo naona haya kuliandika. Nilimjibu mbele ya wanawake ishirini na wawili. Nilisema, "Mwaitu, ni macho. Picha iko sawa, sisi wote tunaiona iko sawa." Nilisema kwa upole, lakini upole wa mtu anayemzimia taa mwenzake. Ni kweli tangu mwaka juzi amekuwa akiniomba nimsomee hiki na kile, na kliniki ilisema jicho la kushoto linaanza mtoto wa jicho. Kwa hivyo nilichosema kilikuwa na mguu mmoja wa ukweli, na watu wakakiamini chote. Kalekye aliinamisha macho. Hakuna aliyemtetea.

Mwaitu hakubishana. Alichukua kopo la ndengu na lile sinia, akaviweka juu ya meza yangu, akajifunga leso, akaenda nyumbani. Siku hiyo hiyo vitako vilianza kusukwa, na kufikia jioni vilikuwa tisa.

Jioni hiyo ndiyo niliyokupigia nikakuambia Mwaitu haoni tena. Nawe kesho yake ukatuma ujumbe ule wa kusema aache kikundi, akae nyumbani apumzike. Sikulaumu, kwani mtu wa mbali huamua kwa macho ya aliye karibu, na aliye karibu nilikuwa mimi. Nilimsomea ujumbe wako uani, akiwa anapepeta. Alisema "sawa" akaendelea kupepeta. Nilitamani anigombeze. Siku mbili zilizofuata alilima kipande kile cha nyuma ambacho hakuna anayekilima, na nilipomwita kula alisema ameshiba.

Siku ya tatu, saa nne asubuhi, aliingia ofisini. Alikuwa amebeba kiondo chake mwenyewe, kile cha kahawia na cheusi alichokisuka mwaka niliozaliwa, na uzi mmoja wa katani umezungushwa kidoleni. Hakumsalimia mtu. Aliweka kiondo mezani, akaniambia, "Piga hii picha na simu yako, halafu uweke kwa hiyo kitu ya Mwangangi."

Nilipiga, nikaihamishia kwenye kompyuta, nikaifungua ikajaa skrini. Mwaitu alipima kiondo chake halisi kwa uzi, kimo kwanza, kisha upana. Vilikuwa sawasawa, na sote tuliona. Akaomba simu yangu, akapima picha iliyokuwa humo kwa ncha ya uzi. Sawasawa tena. Kisha akaenda kwenye skrini. Alipima kimo cha kiondo pale kwenye kioo, akaushika uzi kwa kucha, akaulaza kwenda upana. Uzi uliishia njiani. Kulibaki nafasi ya vidole vyake vinne.

Akasema, "Macho yangu imezeeka, sikatai. Lakini hii uzi haijazeeka." Kisha akakaa kwenye kiti chake cha siku zote. Walio na vitako mapajani walianza kuviweka chini mmoja mmoja.

Nimekuwa nikimjua mama huyu kwa miaka arubaini na mitatu, na nilidhani nimemaliza kumjua. Siku mbili nzima alikuwa akilima huku akifikiri jinsi ya kuonyesha jambo kwa watu walioamua kwamba haoni. Hakutaka kuaminiwa kwa sababu ni mzee. Alileta kipimo. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na mimi guu langu lilivunjika pale pale mbele ya ubao wenye chaki yangu.

Nikaenda mbio kumwita Abdiya. Huyu ni binti wa mzee Kusow, aliyekuwa akinunua ng'ombe kule Tseikuru na baadaye akafungua duka hapa sokoni. Abdiya ana kibanda cha kutengeneza kompyuta na kuchapa karatasi, na Kikamba anachosema ni kizuri kuliko cha wanangu. Nilifikiri atacheka. Mtu mwingine angecheka, na angelisimulia soko zima habari zetu.

Abdiya hakugusa kitu kwanza. Alivuta kiti akaketi karibu na Mwaitu, akasema, "Susu, hebu niambie vile uliona." Susu, Shiru, ni bibi kwa Kikamba. Mwaitu akamweleza habari ya nyuzi na mistari tangu mwanzo, na yule binti alisikiliza mpaka mwisho bila kutazama simu. Kisha akasema, "Basi umeshapima. Mimi kazi yangu ni kunyoosha tu." Kwa maneno hayo peke yake nilimpenda.

Alitueleza kilichotokea. Kompyuta yetu haikujua kwamba skrini imebadilishwa. Ule waya wa kichwa cha buluu ulikuwa umevunjika sindano moja, ile inayopeleka habari, kwa hivyo mashine iliendelea kufikiri inaongea na skrini ya zamani ya mraba. Ilikuwa inatuma picha ya mraba, na skrini yako pana, kwa ukarimu wake, inaivuta kando mpaka ijae. Picha hailalamiki. Inanenepa tu.

Alitoa waya mwingine mkobani, ule bapa wa HDMI ambao televisheni hutumia, akachomeka nyuma. Kisha akaunganisha kompyuta na intaneti ya simu yake ikavuta programu ya kuitambua skrini, na hapo tulingoja mpaka chai ikapoa. Ilipowaka tena alibonyeza mausi upande wa kulia, akafungua setingi za skrini, na kwenye orodha ambako zamani kulikuwa na vipimo viwili tu sasa vilijaa hadi chini. Akachagua kile kilichoandikwa kwamba ndicho kinachopendekezwa, elfu moja mia tisa na ishirini kwa elfu moja na themanini. Kioo kikawa cheusi kidogo, kikarudi.

Mchungaji akakonda. Kaka, laiti ungekuwepo. Nilikuwa nimefungua picha ya harusi makusudi, na yule mtumishi wa Mungu alirudi kwenye mwili wake wa halali mbele ya macho yetu. Mimi nilikonda kidogo tu, na watu walinitazama kwa huruma.

Lakini kazi haikuisha. Sasa kingo za picha zilikuwa zimekatwa pande zote, hata ile saa ya chini kwenye kona haikuonekana. Abdiya alisema hilo si kosa la kompyuta, skrini yako kwa asili ni televisheni, na televisheni hukata kingo kidogo kwa mazoea yake. Aliomba rimoti, akatafuta mahali pa ukubwa wa picha, akachagua ioneshe picha nzima bila kuikata. Kingo zikarudi. Nilipouliza alijuaje kwamba hilo liko kwenye rimoti na si kwenye kompyuta, alisema kwanza unajiuliza ni nani anakosea, ndiyo ujue utamrekebisha nani. Nimeliandika neno hilo kwenye daftari langu la ukatibu.

Kisha likaja la herufi. Zilikuwa zimekuwa ndogo kama mtama mwembamba. Kalekye alikunja uso akasema, "Aii, turudishie ile ya kunenepa, angalau tulikuwa tunasoma." Wengi walikubaliana naye, na nilimwona Mwaitu akigeuza uso pembeni kwa mara ya kwanza tangu aingie. Nadhani aliogopa kwamba ukweli umepatikana na bado yeye hatausoma.

Abdiya alimwona. Akasema hakuna kurudi, kuna mahali pengine. Palepale chini ya vipimo kulikuwa na sehemu ya asilimia, imeandikwa mia. Akaifanya mia na hamsini. Herufi zikakua, na vitufe vyote vikakua, lakini kiondo cha Mwaitu pale kwenye picha hakikubadilika sura hata kidogo. Akaeleza kwamba kile kipimo cha kwanza ni hesabu ya vinukta vinavyofuma picha, na hicho unakiacha kama kinavyotakiwa, na asilimia ni ukubwa wa kuonyesha vitu. Ukitaka herufi kubwa ongeza asilimia, usiguse kile cha kwanza.

Mwaitu alifikiri kidogo, akasema, "Kwa hivyo kuna hesabu ya nyuzi na kuna unene wa uzi. Mtu akitaka kiondo kubwa asivute, atumie uzi nene."

Abdiya alitua mausi. Akasema, "Susu, mimi nimefundisha watu hii kitu miaka mbili na sijawahi kuisema vizuri hivyo." Na hakusema kwa kumfurahisha mzee, kaka, kwa sababu kesho yake nilienda kuchapa karatasi kibandani kwake nikamsikia akimweleza mteja habari ya hesabu ya nyuzi na unene wa uzi.

Tulipofungua tena picha ya Wangui, tulikiona kiondo chenyewe. Kimo na upana vilikuwa sawa, kimesimama wima kama mtu mwenye heshima zake, na nyuzi zilikuwa zimebanana kila upande. Kazi ya fundi, kama alivyosema. Nilifuta ile kumi na sita ubaoni nikaandika kumi na mbili.

Vitako tisa ilibidi vifumuliwe. Mwaitu hakusema ni nani afumue. Nilivichukua vinne nikavifumua mwenyewe pale mbele ya kila mtu, uzi kwa uzi, mpaka ncha za vidole zikatoka damu. Nilipomaliza nilipiga magoti kwake kuomba msamaha, na nikaanza kulia kabla ya neno la kwanza. Aliniacha nilie, kisha akaniambia katani iliyofumuliwa ilowekwe usiku kucha kabla ya kusukwa tena, la sivyo itakatika. Huo ndio msamaha niliopewa, na nimeridhika nao.

Kopo na sinia nilivirudisha kwenye kiti chake. Juzi alipitisha viondo vya kwanza kumi na moja vya oda ya Wangui na akarudisha viwili. Kimoja ni changu, na punje zilizodondoka zilikuwa tano.

Sikudanganyi kwamba macho yake ni mazima. Jicho la kushoto lina mtoto wa jicho kweli, na mwezi wa Mei tutampeleka Kitui akafanyiwe upasuaji. Amekubali, na tarehe amechagua mwenyewe, iwe baada ya msimu wa kupanda. Lakini jicho hilo moja la kulia, pamoja na vidole vile na akili ile, linaona zaidi ya wanawake ishirini na wawili na rula yangu. Mimi namwonea fahari.

Sasa jambo la mwisho, ndilo lililonifanya nikuandikie.

Jana alasiri wenzetu walikuwa wamekwenda kuchukua katani, tukabaki wawili ofisini. Mwaitu akaniuliza, "Ile ujumbe ya Mwangangi iko wapi?" Nilimwambia iko kwenye simu, nikajitolea kumsomea tena. Akasema hapana, niiweke kwenye skrini. Nikaiweka. Akaniambia niongeze unene wa uzi. Nikaongeza mpaka kila herufi ikawa ndefu kama kidole gumba, na ujumbe wako ukajaa ukuta mzima wa mbele yake.

Aliusoma mwenyewe. Aliweka kidole chini ya kila neno, akasoma kwa sauti, polepole, kama anavyosoma Biblia. Nilikuwa sijasikia sauti hiyo ikisoma tangu mwaka juzi. Nami nilikuwa nimesimama nyuma yake nikiomba ardhi inimeze, kwa sababu siku ile uani nilipomsomea niliruka mstari mmoja. Unaujua. Ni ule ulioandika kwamba mzee asiyeona akiendelea kukagua kazi atatuaibisha mbele ya wateja.

Alipoufikia alisimama. Akaurudia kutoka mwanzo. Kisha akasema bila kugeuka, "Huu hukunisomea." Nikasema ndiyo, sikuusoma. Akaendelea mpaka mwisho, mpaka pale ulipoandika jina lako, akaligusa jina hilo kwa kidole muda kidogo. Akaniambia nizime mashine, jua linashuka na kuku hawajafungiwa.

Tulipokuwa njiani kwenda nyumbani ndipo aliposema. "Mwandikie. Mwambie nimesoma mwenyewe." Kisha akakaza mwendo kwenda kufungia kuku.

Kwa hivyo nimekuandikia. Sikukuficha wewe kitu, na yeye sitamficha kitu tena, hata kwa kumpenda. Najua uliandika kwa hofu ya mtoto aliye mbali, si kwa dharau, na naamini yeye pia anajua. Lakini maneno hayo yamefika kwake kwa macho yake mwenyewe, na sidhani ni haki jibu lake lipitie kinywani mwangu.

Abdiya anakusalimu, na anamwambia Shiru kwamba Ramadhani inaanza wiki ijayo, akipata tende nzuri huko asimsahau. Kalekye anakusalimu na kuishukuru skrini, kwa kuwa sasa inasema kweli. Wabusu watoto wote, na mdogo mwambie shangazi yake anamsukia kiondo kidogo cha shule, kitakachopitishwa na bibi yake kama vingine vyote. Mungu aliyewapeleka huko awalinde kazini na njiani, awape afya na mkate wa kutosha, na awarudishe wakati sote tungali hapa.

Hapa ndipo ningeandika kwamba Mwaitu naye anakusalimu. Nilimuuliza niandike nini. Amesema Jumapili baada ya kanisa atakuwa amekaa karibu na simu, na ukiomba kuongea na yeye, si mimi, mtasalimiana.

Ni mimi dada yako akupendaye siku zote,

Kavindu wa Nzilani